Johannesburg kwa miguu, kutoka Constitution Hill hadi Newtown: uzoefu wangu wa ziara ya kikundi kidogo

Waendeshaji wa ziara za mitaa iliyofufuliwa katikati ya Johannesburg wana njia zao mbalimbali. Ninayoizungumzia hapa huanzia Constitution Hill, kilima chenye Mahakama ya Katiba, hushuka mtaa wa Braamfontein, huvuka Daraja la Nelson Mandela na kumalizikia Newtown. Umbali ni kati ya kilomita 3 na 4, na ukihesabu vituo vyote tenga saa tatu na nusu. Hukumu yangu naitoa mapema: fedha yake ni halali, lakini sharti lake ni mwongozaji anayekueleza nani aliondolewa ili mtaa upendeze. Asiyegusa jambo hilo anakutembeza kwenye rangi mpya za kuta, na hizo unaweza kuziona mwenyewe bila kumlipa mtu.

Nianze na idadi ya watu, kwa sababu hapo ndipo ziara nyingi huharibika. Watu 8 ni idadi nzuri, 10 ndio mwisho. Njia za waendao kwa miguu za Braamfontein na Newtown zinagawanywa na wachuuzi, nguzo za taa na magari yaliyopandishwa kando, kwa hiyo mnatembea wawiliwawili. Kundi la 15 hunyooka likawa mkia mrefu. Taa za barabarani zinaruhusu nusu kuvuka, nusu nyingine inabaki ng'ambo, mwongozaji anasubiri, na kwenye kila makutano mnapoteza dakika mbili au tatu. Mara nyingine taa zenyewe zimezimika na magari yanapishana kwa kuachiana zamu. Hapo kundi refu ni hatari hasa. Tena honi za hiace hazikomi, na mwongozaji mwenye sauti ya kawaida hasikiki zaidi ya mita 4. Kabla ya kulipa uliza mambo mawili: kikomo cha watu ni wangapi, na kuna mtu wa pili anayetembea nyuma ya kundi? Huyo wa nyuma si pambo. Ndiye anayezuia mtu kuachwa akifunga kamba za viatu.

Constitution Hill inastahili dakika 75, na tiketi ya magereza ya makumbusho aghalabu hulipwa mbali na bei ya matembezi, basi hakikisha mapema kama imejumuishwa. Eneo lote lilikuwa ngome na magereza: Old Fort walikofungwa wafungwa wa kizungu, Number Four la wanaume Waafrika, na gereza la wanawake. Mahatma Gandhi alifungwa kilima hiki, na Mandela, ingawa hakuwa mzungu, alishikiliwa Old Fort mwaka 1962 akisubiri kesi. Gereza lilifungwa 1983, na jengo la Mahakama ya Katiba likafunguliwa hapohapo Machi 2004.

Waongozaji wengi hutumia muda mrefu mno kwenye seli na kuipitia mahakama kwa haraka. Mimi ningegeuza. Jengo la mahabusu lilibomolewa ili kupisha mahakama, lakini minara minne ya ngazi zake iliachwa imesimama, na matofali yake yakajengewa ukuta wa ndani wa mahakama pamoja na ngazi pana za nje ziitwazo Great African Steps. Mwombe mwongozaji akusimamishe mahali unapoona matofali ya zamani na kioo kipya kwa wakati mmoja. Mlango mkuu wa mbao umechongwa haki 27 za sura ya haki katika katiba. Nguzo za ukumbi wa mbele zimeinamishwa makusudi, mfano wa miti, kwa sababu wazee walikuwa wakiamua mashauri chini ya mti. Ndani ya chumba cha mahakama tafuta dirisha refu na jembamba lililo usawa wa barabara ya nje: waliokaa humo huona miguu ya wapita njia juu ya vichwa vya majaji 11. Kuingia chumba hicho, siku za kazi ndizo za kutegemea. Kesi ikiwa inasikilizwa, mnaweza kuketi na kusikiliza, ila mwongozaji hataweza kusema neno humo, kwa hiyo maelezo ayatoe nje kabla.

Usiiache mahakama bila kuuliza kesi mbili, maana ndizo zinazoipa maana njia yote inayofuata. Ya kwanza ni ya kampuni ya Blue Moonlight, iliyoamuliwa Desemba 2011. Mwenye jengo alitaka kuwaondoa watu waliokuwa wakiishi kwenye jengo lake chakavu huko Berea. Mahakama ikasema anaweza kulipata jengo lake, lakini jiji lina wajibu wa kuwapatia makazi ya muda wale watakaobaki bila pa kulala. Ya pili ni ya wachuuzi. Oktoba 2013 jiji liliwaondoa maelfu yao katikati ya mji katika operesheni iliyopewa jina la Clean Sweep, na waliokuwa na vibali hawakusalimika. Desemba mwaka uleule Mahakama ya Katiba iliamuru waachwe warudi kwenye meza zao. Ukishayajua hayo mawili, kila mchuuzi utakayempita na kila jengo lenye madirisha yaliyozibwa kwa mabati vitakuambia jambo.

Braamfontein yenyewe ni dakika 35 tu. Ni mtaa wa wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Wits, maofisi na maghorofa yaliyogeuzwa mabweni. Mnapita karibu na sanamu kubwa ya zege ya pofu, yule mnyama mkubwa wa jamii ya swala, kwenye makutano ya Bertha na Ameshoff. Kitu cha kutazama hapa ni mpaka. Wenye majengo wa Braamfontein huchangia tozo ya eneo lao inayolipa walinzi na wafagiaji wa ziada, juu ya huduma za jiji. Angalia sare: pale sare za wafagiaji na walinzi zinapokoma, barabara hubadilika ndani ya hatua chache. Taka zinaanza kuonekana na vifuniko vya mashimo ya maji taka vinakosekana. Mwongozaji hodari husimama juu ya mpaka huo, anaueleza, na kuwaacha mtazame pande zote mbili. Nilipenda sana kituo hiki, ingawa hakina jengo lolote maarufu.

Kisha daraja. Lilifunguliwa Julai 2003, lina urefu wa karibu mita 300, linaning'inia kwa nyaya juu ya njia zaidi ya 40 za reli. Kutoka juu unaelewa kwa nini Braamfontein na Newtown zilikuwa miji miwili iliyopeana migongo: reli zilizokata kati yake ni pana kama mto mkubwa. Dakika 15 zinatosha. Upepo hapa huondoa kofia, na sauti ya mwongozaji hupotea kabisa, kwa hiyo maelezo yatolewe kabla ya kupanda. Hapa pia ndipo simu hunyakuliwa. Kanuni inayofaa ni kupiga picha wote kwa pamoja, kundi likiwa limesimama, mgongo kwenye ukingo, kisha simu inarudi mfuko wa mbele ndipo mnaendelea. Kutembea huku unarekodi video ndiko kunakovuta balaa. Peke yako, bila kundi, nisingekushauri uvuke kwa miguu.

Ukiteremka upande wa kusini, omba kundi lipinde kidogo hadi ilipo sanamu ya Fire Walker, karibu na mwisho wa daraja la Queen Elizabeth, kazi ya William Kentridge na Gerhard Marx. Ni vipande vya chuma vilivyotengana, juu kama mita 10, na umbo hukamilika ukisimama sehemu inayofaa: mwanamke mchuuzi aliyejitwisha jiko la moto kichwani. Sogea hatua chache na anasambaratika. Jiji lililomsimamishia mchuuzi mnara ndilo lililowafagia wachuuzi wenyewe miaka michache baadaye, na mwongozaji aliyeyaunganisha hayo mawili nampa alama zote.

Newtown ipewe saa nzima, na hapa ndipo ratiba mbovu hujitokeza. Kama mlichelewa kilimani, mwongozaji atapunguza Newtown, nayo ndiyo yenye historia nzito kuliko zote. Eneo hili lilikuwa la wafyatua matofali na watu maskini wa rangi mbalimbali. Tauni ilipozuka 1904, manispaa iliwahamisha wakazi na kuchoma moto makazi yao, na Waafrika wakapelekwa Klipspruit, mbali nje ya mji, mahali palipokuja kuwa chimbuko la Soweto. Hivyo ufufuaji wa kwanza wa mtaa huu ulifanywa kwa kiberiti. Gandhi, aliyekuwa wakili mjini wakati huo, alishiriki kuwauguza wagonjwa wa tauni.

Baada ya moto likaja soko kubwa, lililofunguliwa 1913. Sehemu yake ikawa ukumbi wa Market Theatre, uliofunguliwa Juni 1976, mwezi uleule wa maandamano ya wanafunzi wa Soweto. Sehemu nyingine ikawa Museum Africa mwaka 1994. Uliza kabla kama makumbusho imefunguliwa siku hiyo. Usipangie kuingia kwa kudhani tu. Kituo ambacho mimi singekubali kirukwe ni kambi ya wafanyakazi wa manispaa, sasa ni makumbusho ya wafanyakazi. Wanaume waliotoka vijijini kuhudumia mitambo ya umeme walilala humo kwenye vitanda vya zege vilivyopangwa juu na chini, na kuna chumba cha adhabu. Jumba la mitambo lenyewe, hapo jirani, liligeuzwa ofisi za kisasa. Simama kati ya majengo hayo mawili, hesabu hatua kutoka kitanda cha zege hadi lango la vioo.

Mambo ya vitendo. Johannesburg iko mita 1,750 hivi juu ya usawa wa bahari. Anayetoka pwani atahisi pumzi fupi mwanzoni, na jua huchoma hata siku ya baridi. Beba maji lita 1, kofia, na viatu vilivyofungwa vyenye soli nene, kwa sababu ya yale mashimo yasiyo na vifuniko. Anza saa 3 asubuhi. Kuanzia Oktoba hadi Machi mvua za radi hupenda kushuka alasiri, na daraja si mahali pa kukutwa nazo. Juni na Julai asubuhi ni baridi kali, saa 5 unavua koti, basi vaa nguo za tabaka. Vyoo vya uhakika viko Constitution Hill na kwenye jumba la maduka la Newtown. Kati yake usitegemee kitu, na mwongozaji anapaswa kulisema hilo kabla ya kuondoka kilimani. Siku za kazi mitaa ina uhai wake halisi. Jumamosi asubuhi inafaa pia. Jumapili katikati ya mji hupoa mno, na mtaa mtupu haukufundishi chochote.

Picha za watu: salimia kwanza, omba, kisha piga. Nunua kitu kidogo kwa noti ndogo za randi ukiweza. Usishangae kujibiwa kwa Kiswahili. Kuna Wakongo na Watanzania wengi katika biashara za mji huu, na mazungumzo ya dakika moja nao yalinipa zaidi ya maelezo marefu ya kukariri.

Baadhi ya waendeshaji huongeza mtaa wa Maboneng, upande wa mashariki. Haiwezekani kuiunganisha kwa miguu bila kuwachosha watu. Iwe kwa gari, au iwe siku nyingine. Ilianza 2009 kwenye maghala ya zamani ya Fox Street, ikasifiwa sana, na miaka 10 baadaye majengo ya kampuni iliyoianzisha yakapigwa mnada. Ni somo zuri la jinsi ufufuaji unaotegemea mwekezaji mmoja unavyotetereka. Njiani, Marshalltown, kuna jengo la Usindiso lililoko Albert Street. Zamani lilikuwa ofisi ya pasi, vibali ambavyo Waafrika walilazimishwa kubeba enzi za ubaguzi wa rangi; baadaye, likiwa mali ya jiji, lilitelekezwa na kujaa wapangaji wasio na pa kwenda, na moto wa Agosti 31, 2023 uliua zaidi ya watu 70 humo. Hapo hapafai kuwa kituo cha kupiga picha. Taarifa yake itolewe ndani ya gari, kwa sauti ya heshima, na safari iendelee.

La mwisho ni mahali pa kumalizia. Ziara hii haiishii ilikoanzia, na kurudi kilimani ni kupanda mlima baada ya saa tatu za kutembea. Niliyempenda kati ya waendeshaji alisubiri nasi Newtown hadi kila mtu akaingia kwenye usafiri wake. Mwingine alituaga barabarani na kuondoka, na kwa hilo pekee nilimkata alama. Uliza wakati wa kuweka nafasi: usafiri wa kurudi uko ndani ya bei, au mnaachana pale? Kama mnaachana, agiza gari mkiwa bado ndani ya jumba la maduka, na usitoke nje hadi namba ya gari ionekane mlangoni.