Matembezi ya vyombo vilivyozama: shilingi 30,000 kwa saa tatu za pwani ya Kivukoni

Jumamosi iliyopita nilishiriki matembezi ya miguu yanayoendeshwa na kikundi kidogo cha vijana wa hapa Dar es Salaam, ambao huwachukua watu kando ya bandari na kuwaeleza habari za meli na majahazi yaliyopotea baharini katika karne ya 19. Sitakitaja kikundi hicho kwa jina, kwa kuwa nina lawama pamoja na sifa, nao ndio kwanza wanaanza. Tulikuwa watu kumi na mmoja, tukiwemo familia moja yenye watoto wawili na mzee mmoja wa Mafia ambaye nitamrejea baadaye.

Tulianza saa mbili asubuhi mbele ya Boma la Kale, jengo la mawe ya matumbawe lililobaki tangu zama za Sultani Majid bin Said. Kutoka hapo tulifuata barabara ya Sokoine, tukapita makanisa mawili ya zama za Wajerumani, Mtakatifu Yosefu na lile la Kilutheri la Azania, tukaishia soko la samaki la Magogoni, ambako mtu akisimama huona meli zikiingia kwenye mlango wa bandari. Hapo mwanzoni kiongozi wetu alisema jambo ambalo sikuwahi kulifikiria, ingawa nimekaa mji huu miaka mingi: Majid aliipenda hori hii kwa utulivu wake wa ndani, lakini mlango wake ulikuwa mwembamba na wenye kona, na kwa chombo kinachotegemea tanga, kona na wembamba vikikutana na upepo wa mbele ni shida tupu.

Sifa kubwa ya matembezi haya ni kwamba hayahesabu maiti tu, bali yanaeleza kwa nini chombo kilipotea. Mfano bora wa kiongozi ulikuwa Arniston, meli ya Kiingereza iliyotoka Ceylon (Sri Lanka ya leo) mwaka 1815 ikiwarudisha kwao askari wagonjwa na majeruhi, pamoja na wanawake na watoto. Meli hiyo haikuwa na kronomita, yaani saa sahihi ya baharini ambayo nahodha huilinganisha na jua ili ajue amekwenda umbali gani mashariki au magharibi. Ili tuelewe, kijana alimwomba mmoja wetu saa yake ya mkononi, akatufanyia hesabu papo hapo. Dunia huzunguka nyuzi 15 kwa kila saa moja, na Dar es Salaam iko takriban nyuzi 39 mashariki ya Greenwich, kwa hiyo jua likiwa utosini hapa, bado zinabaki kama saa mbili na dakika 37 kabla halijafika utosini kule. Nahodha aliyebeba saa ya Greenwich akiutazama mchana wake wa bahari anajua mara moja alipo. Lakini saa ikikosea dakika 4 tu, nahodha amekosea nyuzi nzima, na huku kwetu karibu na ikweta nyuzi moja ni kama kilomita 110, umbali unaozidi ule wa kutoka hapa hadi Unguja. Asiye na saa kabisa hukisia kwa mwendo wa chombo na upande anaoelekea, na mkondo wa bahari haujali makisio ya mtu.

Baada ya siku kadhaa za hali mbaya ya hewa, nahodha wa Arniston aliamini kwamba amekwisha kuipita Rasi ya Tumaini Jema, akageuza kuelekea kaskazini ili aishike njia ya kisiwa cha Saint Helena. Kumbe Rasi ilikuwa bado magharibi yake, na alichokuwa akikiendea ni nchi kavu. Tarehe 30 Mei chombo kilivunjika karibu na Rasi ya Agulhas, na katika watu 378 waliokuwamo walipona 6. Watu wote tulinyamaza hapo. Mwenye saa aliirudisha mkononi bila kusema neno.

Hadithi ya Birkenhead, meli ya askari iliyopanda mwamba usioonyeshwa kwenye ramani usiku wa tarehe 26 Februari 1852, huko huko kusini mwa Afrika, ilipitwa haraka, na sikujutia, kwa sababu hiyo husimuliwa kila mahali kwa ajili ya ushujaa wa askari waliobaki safuni huku wanawake na watoto wakipakiwa mashuani. Afadhali alivyotueleza kuhusu dira. Watu walipoanza kujenga meli kwa chuma badala ya mbao, chuma chenyewe kikawa kinaivuta sindano ya dira, na nahodha akawa anadanganywa na chombo chake mwenyewe. Tayleur, meli mpya ya chuma iliyoondoka Liverpool kuelekea Melbourne mwezi wa Januari 1854, ilipanda miamba ya kisiwa cha Lambay, karibu na Dublin, siku mbili tu baada ya kung'oa nanga katika safari yake ya kwanza, na dira ni miongoni mwa vilivyolaumiwa.

Hapo hapo lakini ndipo kijana alipoteleza mara ya kwanza. Aliingia katika habari za Cospatrick, meli ya mbao ya wahamiaji wa New Zealand iliyoungua kusini mwa Rasi mwezi wa Novemba 1874 ikiwa na watu zaidi ya 470, wakapona 3. Jambo la kueleza lilikuwa wazi: mashua za kuokolea hazikuwatosha watu wote. Yeye aliligusa kwa sentensi moja, kisha akakaa karibu dakika kumi kwenye yale waliyoyala na kuyanywa walionusurika kule mashuani. Nilimwona mama wa wale watoto akiwashika mikono na kuwasogeza kando kuangalia boti ya Zanzibar ikiondoka.

Magogoni alijikomboa. Meli ya mizigo ilikuwa ikitoka, ubavu wake mrefu ukiwa juu ya maji kwa kuwa ilikuwa nyepesi, na katikati ya ubavu ilionekana alama ya duara lililokatwa na mstari, inayoonyesha mwisho wa meli kuzama majini inapopakiwa mizigo. Alituambia kwamba Samuel Plimsoll, mbunge wa Derby, alipigania alama hiyo kwa sababu wenye meli walikuwa wakizijaza kupita kiasi vyombo vikuukuu vilivyokatiwa bima kubwa, hivyo kwamba chombo kikizama mwenye mali hapotezi kitu, anayepotea ni baharia. Sheria ilipitishwa Uingereza mwaka 1876, lakini iliacha mwenye meli achague mwenyewe mahali pa kuuchora mstari. Haikuwa mpaka 1890 ndipo mahali pake palipowekwa na sheria. Miaka 14 ya mstari unaochorwa apendapo tajiri! Wachuuzi wawili wa samaki walikuwa wameshaacha meza zao kuja kusikiliza, na mmoja akauliza kama boti za abiria nazo zina mstari huo. Kijana alijibu kwa uangalifu, na wengi wetu tuliotazama bahari wakati huo tulikuwa na mwaka 2011 kichwani, mwezi wa Septemba, upande wa Nungwi, ilipozama meli ya abiria ya Spice Islander.

Sasa lawama. Ya kwanza ni kosa la historia ambalo kikundi kinachotoza fedha hakipaswi kulifanya. Tuliambiwa kwamba Glasgow, merikebu ya Sultani wa Zanzibar, ilizamishwa na tufani kubwa ya 1872. Si kweli, na ukweli wenyewe ni mtamu kuliko kosa. Tufani ya tarehe 15 Aprili 1872 ndiyo iliyoangamiza sehemu kubwa ya merikebu za Sultani Barghash bandarini Unguja, ikang'oa na mikarafuu ya kisiwa hicho huku Pemba ikinusurika kwa kiasi kikubwa. Ni baada ya hasara hiyo ndipo Barghash alipoagiza Glasgow ijengwe Scotland, kwa mfano wa manowari ya Kiingereza yenye jina hilo iliyotembelea Zanzibar mwaka 1873, na ikakamilika 1878. Ilizamishwa na mizinga ya Waingereza tarehe 27 Agosti 1896, katika vita ambavyo havikufikisha saa moja, na milingoti yake ilibaki ikichungulia juu ya maji ya bandari ya Unguja hadi 1912. Msimulizi gani anaacha milingoti hiyo? Nilimweleza kijana pembeni, si mbele ya watu, naye aliandika kwenye daftari lake na kunishukuru.

Lawama ya pili ni nzito zaidi. Katika saa tatu za kusimama ukingoni mwa bahari ya Waswahili, vyombo vya Waswahili vilipata labda dakika kumi na tano. Naelewa sababu: meli za Ulaya zina orodha za abiria, kumbukumbu za mahakama na gazeti la Lloyd's List lililochapisha habari za meli zilizozama, zilizochelewa na zisizojulikana ziliko, wakati jahazi lililotoka Kilwa na boriti lisifike Unguja halikuandikwa popote. Lakini kukosa orodha si kukosa la kusema. Angeweza kutueleza mtepe, chombo kisicho na msumari hata mmoja, mbao zake zikishonwa kwa kamba za usumba, ambacho kikigonga fungu hupinda kidogo badala ya kupasuka, na kwa upande mwingine huvuja daima. Angeweza kueleza kwa nini nahodha aliyechelewa kuondoka na kusi, yaani upepo wa msimu utokao kusini, alikuwa mashakani. Badala yake alitaja ngalawa na jahazi kana kwamba ni kitu kimoja.

Hapo ndipo yule mzee wa Mafia alipoingilia. Kijana alikuwa amesema kwamba mabaharia "walitoa maji kwa ndoo" chomboni.

"Mwanangu," mzee akamwambia, "maji ya ngamani hufuliwa, hayatolewi. Na kwenye chombo kinachovuja, mfua maji ndiye asiyelala."

"Naam, mzee. Nisahihishe."

Mzee alimsahihisha, na sote pamoja naye: ngama ni pale chini kabisa maji yanapokusanyika, foromali ni boriti inayobeba tanga, na chombo kinachoyumba upande hadi upande kimekwenda mrama, neno ambalo sisi wa bara tumelibakisha kwa mipango iliyoharibika tu. Zilikuwa dakika ishirini bora za asubuhi nzima, na hazikuwamo katika ratiba. Ningekuwa mwenye kikundi ningemlipa mzee huyo aje kila Jumamosi.

Mambo madogo: kipaza sauti kilikwisha chaji mbele ya Azania, hivyo waliokuwa nyuma hawakusikia lolote hadi Magogoni. Kijitabu tulichopewa kina ramani isiyo na kipimo, na picha moja imechapishwa mara mbili. Maji ya kunywa hayamo katika bei, na kufikia saa nne na nusu jua la Kivukoni halina huruma, kwa hiyo chukua kofia na chupa yako. Malipo ni kwa simu, risiti hutumwa siku hiyo hiyo.

Natoa nyota nne kati ya tano. Anayekwenda na watoto awaambie mapema wairuke Cospatrick, na asiogope kuuliza maswali, kwa sababu kijana hujibu vizuri zaidi kuliko anavyosimulia.