Msaada wa kisheria kwa rufaa ya matunzo iliyochelewa: maoni yangu kuhusu kituo kimoja mjini Kigoma

Kituo hiki cha msaada wa kisheria ninakipendekeza kwa mzazi aliyepitwa na muda wa rufaa ya matunzo ya mtoto, hasa kwa sababu kabla ya kuandika chochote kinauliza kama rufaa yenyewe inahitajika. Nilikwenda na mdogo wangu, ambaye Mahakama ya Wilaya ilipovunja ndoa yake ilimpangia matunzo yasiyotosha hata unga wa watoto. Alikuwa amekata tamaa kwa kuwa siku 45 za kukata rufaa Mahakama Kuu, kwa mujibu wa Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, zilikwisha kupita.

Msaidizi wa kisheria alimweleza kwa subira kwamba amri ya matunzo ya mtoto inaweza kubadilishwa wakati wowote kwa maombi, bila rufaa, ikiwa ilitolewa kwa maelezo ya uongo au hali imebadilika kwa kiasi kikubwa, kwa mfano mtoto amepata maradhi ya kudumu. Wengi hawalijui hili, na ningependa kuliona limebandikwa katika kila ofisi ya ustawi wa jamii mkoani.

Mdogo wangu, hata hivyo, alikuwa akipinga namna kipato cha baba kilivyokokotolewa, hivyo ilibidi aombe kuongezewa muda, na hapo ndipo umahiri wao ulipoonekana. Waliorodhesha tarehe zote tangu siku ya hukumu, na mbele ya kila tarehe wakadai kielelezo: barua ya kuomba nakala ya hukumu yenye muhuri wa kupokelewa, fomu ya mtoto ya kuruhusiwa kutoka wodini. Palipobaki pengo hawakukubali kuliruka, kwa sababu Mahakama ya Rufani imekwisha kusisitiza kwamba kila siku ya ucheleweshaji, hata ikiwa moja, lazima itolewe maelezo. Kiapo, yaani maelezo ya maandishi ya kuapiwa yanayoambatana na maombi, kilitoka kifupi, hakina malalamiko dhidi ya mtalaka wake, na maombi yalikubaliwa. Walimkumbusha pia kwamba rufaa peke yake haisimamishi amri, kwa hiyo baba aliendelea kudaiwa matunzo ya kila mwezi.

Mapokezi ndiyo yaliyonisikitisha. Mara ya kwanza tuliambiwa turudi wiki inayofuata kwa kuwa foleni imejaa, bila yeyote kuuliza tarehe ya hukumu, ilhali kwa mtu aliyekwisha kuchelewa wiki hiyo nayo inahesabiwa na atatakiwa kuieleza kwenye kiapo. Kituo kinachojua sheria kiasi hiki hakina budi kuuliza tarehe hiyo mlangoni, na kumpa mteja barua yenye muhuri inayoonyesha siku aliyofika.

Huduma haina malipo, ila nakala na nauli ni juu ya mteja; nauli nayo imepungua tangu Kigoma ipate kanda yake ya Mahakama Kuu, kwani zamani rufaa zilifuatwa Tabora. Wasaidizi wa kisheria hawaruhusiwi kumwakilisha mtu mahakamani, kwa hiyo suala la wakili liulizwe siku ya kwanza.