Kuhamisha kanda za VHS hapo Luthuli: kazi walifanya, lakini ilibidi nirudi mara mbili

Kama uko na kanda za VHS nyumbani na unatafuta mtu wa kukuwekea kwa flashi, soma hii kwanza. Duka lenyewe si baya, liko juu hapo Luthuli Avenue, Nairobi, ukishapita wauza spika na wale vijana wa kukushika mkono "boss, TV ya ngapi?" Jina nimeliacha, mwishowe walinifanyia kazi.

Kanda ni ya marehemu mzee wangu, alitumiwa na ndugu yake aliyekuwa Marekani, resling za kitambo na karibu zote ni za Bruno Sammartino. Hilo jina kwetu lilikuwa kama la jirani. Mzee alikuwa anasimamisha deki katikati ya mechi atuhadithie vile Bruno alizaliwa Pizzoferrato huko Italia 1935, vile Wajerumani walikuja na mamake akatorosha watoto wakajificha mlimani, akawa anashuka kijijini kisirisiri kuwatafutia chakula, na vile alifika Pittsburgh, Marekani, 1950 kwa babake, mgonjwa, mwembamba, Kiingereza hajui, watoto wa shule wanamchapa tu. Halafu 1959 huyo huyo analala chali kwa benchi anasukuma juu ratili 565, yaani kilo 256, karibu magunia matatu ya mahindi. Hapo mzee alikuwa anatugeukia sisi tuliokataa sukuma wiki.

Sasa duka. Shilingi 700 kwa kanda, unalipa M-Pesa kabla hawajagusa kitu. Kanda ya masaa mawili inachukua masaa mawili, hakuna kuikimbiza. Nikaacha, nikarudi kesho yake, nikafungua flashi nyumbani, aki ya nani! Picha inapanda kama maji ya mtaro, inakatika, na rangi hakuna hata kidogo. Nikarudi, kijana wa kaunta bila aibu ananiambia "mzee, hizi za zamani hazikuwanga na rangi." Mechi zingine sawa, lakini ya mwisho ni ile ya Shea Stadium, New York, Agosti 1980, Bruno na Larry Zbyszko ndani ya kizimba cha chuma mbele ya watu zaidi ya 36,000, na mimi nakumbuka vizuri ile nyasi ya uwanja ilikuwa kijani!

Kelele zangu ndizo zilimtoa fundi mwenyewe huko nyuma, mzee wa miwani imefungwa na uzi. Akafungua kile kifuniko cha kanda, akainusa kama mtu ananunua samaki (anatafuta kuvu), akaniuliza swali moja tu: "Hii ilitoka wapi?" Marekani. "Basi ni NTSC, na huyu ameiweka kwa deki ya PAL." Hiyo ni mifumo ya kurekodi picha: zetu za huku ni PAL, za Marekani ni NTSC, ukichanganya ndio unapata hayo maji ya mtaro. Si kijana angeuliza tu?

Akatoa deki ingine chini ya meza, inasoma zote. Akachukua karatasi nyeupe ya kawaida, akailowesha spirit, akaishikilia kwa hedi, ile sehemu ya deki inayosoma kanda, huku anaizungusha na kidole polepole. Pamba hatumii, anasema nyuzi zake zinashika na kung'oa hedi. Nilikaa hayo masaa mawili nikimpigia stori ya Bruno. Alishika ukanda wa ubingwa miaka 7 na miezi 8, kutoka Mei 1963 mpaka Januari 1971 Ivan Koloff alipomlaza pale Madison Square Garden, na uwanja ukanyamaza hivi kwamba Bruno alidhani masikio yamekufa. Na huyo Koloff, Mrusi wa kuogopwa, kumbe ni Mkanada, jina lake Oreal Perras! Hata Zbyszko, mwanafunzi wa Bruno mwenyewe aliyemgeuka, jina la Kipolandi ni la kuazima. Mgeni wa kweli amezungukwa na wageni wa kuigiza. Fundi alicheka mpaka akavua miwani. Akaniuliza kama hizo mechi zilikuwa zinapangwa, nikamwambia zilipangwa, ila swali hilo usingemuuliza mzee wangu, angekujibu kwamba 1976 Stan Hansen alimbwaga Bruno shingo ikavunjika kweli, hiyo nani alipanga?

Basi nikaenda nyumbani na furaha, kumbe kijana ndiye alimalizia faili na akabandika namba ya simu ya duka, manjano, herufi kubwa, palepale usoni pa Bruno. Safari ingine ya matatu, nauli yangu. Waliitoa kwa dakika 20 na samahani sikuskia.

Nyota tatu, zote za fundi. Ukienda mwambie mapema kanda ilitoka nchi gani, na usiende Jumamosi, hiyo siku yeye huwa kanisani na utaangukia kijana.