Uzoefu wangu na The Fortress: mfalme amezingirwa, na mawaziri wake wawili wote wana hoja

Kwa mliozoea tamthilia za Kikorea ambamo shujaa mmoja anafyeka kikosi kizima kwa upanga, niseme mapema kwamba hii siyo ya namna hiyo. Filamu ya Kikorea The Fortress, ya mwaka 2017, ina mapigano, tena ya kutisha, lakini vita vyake vikali zaidi vinapiganwa ndani ya chumba chenye baridi, mbele ya mfalme, kwa maneno matupu. Nimeipenda mno.

Kisa ni cha kweli. Mwishoni mwa 1636 Wamanchu, watu wa kaskazini mwa Korea waliokuwa wametangaza dola yao ya Qing mwaka huohuo, waliivamia Joseon, yaani Korea ya enzi hizo. Mfalme Injo alitaka kukimbilia kisiwa cha Ganghwa, akakuta njia imeshafungwa, ndipo akaingia kwenye ngome ya mlimani ya Namhansanseong, kusini-mashariki mwa Seoul ya leo. Alizingirwa humo siku 47, kwenye theluji, na askari wapatao 13,000 na chakula kinachopungua kila kukicha. Qing walitaka Joseon iwatambue kuwa mabwana zake. Joseon nayo ilijiona ina deni kwa watawala wa Ming wa China, maadui wa Qing, kwa sababu ndio waliokuja kuisaidia wakati Wajapani walipoivamia miaka ya 1590.

Hapo ndipo mawaziri wawili wanapogongana. Choi Myung-kil, waziri wa utumishi, anayechezwa na Lee Byung-hun, anasema tuzungumze na adui, hata kwa kupiga magoti, maana aibu mtu anaweza kuivumilia akaishi. Kim Sang-heon, waziri wa ibada na itifaki, anayechezwa na Kim Yoon-seok, anasema mfalme akishainama kwa adui hana tena cha kuwaongoza watu wake. Kila Choi alipozungumza nilikubaliana naye. Kim akijibu, nakubaliana na Kim. Na si ujanja wa maneno: wote wawili ni waungwana, hakuna anayetafuta cheo, na mwongozaji Hwang Dong-hyuk amekataa kabisa kumfanya mmoja wao kuwa msaliti. Kuna wakati baraza zima linataka Choi auawe, na Choi mwenyewe anamtetea Kim mbele ya mfalme. Ni nadra kuona filamu inayowaheshimu hivyo watu wanaopingana.

Lakini isingekuwa na uzito huu kama ingebaki barazani tu. Mwanzoni kabisa Kim anavushwa mto ulioganda na mzee mmoja anayejua pa kukanyaga barafu. Wakiwa wamevuka, mzee anasema bila kificho kwamba Wamanchu wakija atawavusha na wao, huenda wakampa nafaka kidogo, kwa sababu jana yake alimvusha mfalme na hakuambulia kitu. Kim anamuua. Baadaye mjukuu wa mzee yule, kasichana kadogo, anafika ngomeni akimtafuta babu yake, na Kim ndiye anayemlea. Kila Kim anapozungumzia heshima ya nchi baada ya hapo, nilikuwa namtazama yule mtoto.

Halafu kuna suala la mikeka ya mabua. Askari wanalinda ukuta usiku, vidole vinaoza kwa baridi, na Kim anapigania wagawiwe mikeka wajifunike. Wanagawiwa. Baada ya muda wakubwa wanaona farasi wanakufa njaa, wanaagiza mikeka ikusanywe tena ikalishwe farasi. Farasi wanakufa vilevile, nao wanachinjwa kulisha askari. Ukitaka kujua uongozi unavyoharibika watu wakiwa wamebanwa, sehemu hiyo inatosha. Waziri mkuu ndiye aliyenichefua zaidi: anaamuru askari watoke nje ya lango wakashambulie, wanateketea, kisha lawama anamtupia afisa wa chini yake.

Mkalimani wa Qing naye ni Mkorea, aliyezaliwa mtumwa. Anapoulizwa kuhusu nchi yake, anajibu kwamba Joseon haikuwahi kumhesabu kuwa mtu. Filamu inapita hapo haraka, nami natamani ingekaa zaidi, kwa sababu swali la nani hasa anapaswa kuifia nchi ndilo lililobebwa na wote wasio na cheo humu ndani: mzee wa mtoni, mhunzi, mtoto.

Kasoro zipo. Safari ya mhunzi anayetumwa na barua ya mfalme kutafuta majeshi ya msaada ina kukimbizana kwingi kulikofanana na filamu nyingine, na ndipo mwendo unapolegea. Wanawake karibu hawapo, ingawa vita hivi viliwaumiza sana, wengi wakichukuliwa mateka. Na ninagombana na mwisho wa Kim (asiyetaka kujua aruke aya hii). Filamu inamfanya ajiue. Katika historia alijaribu lakini hakufa. Baadaye alipelekwa Shenyang, mji mkuu wa Qing wakati huo, kama mfungwa, na Choi naye akaja kufungwa hukohuko. Kim aliishi hadi 1652. Wazee wawili waliopingana vile, wote gerezani kwa adui mmoja! Kwangu huo ndio mwisho uliostahili kuonyeshwa.

Tukio la kusalimu amri lenyewe, Februari 1637, limefanywa bila haraka: mfalme anatoka akiwa na mavazi ya buluu badala ya ya kifalme, anapiga magoti mara tatu, anainamisha kichwa mara tisa. Park Hae-il, anayemcheza Injo, hasemi karibu chochote. Muziki wa Ryuichi Sakamoto nao umejizuia vizuri.

Itafute yenye sauti ya Kikorea na maandishi ya chini, si nakala ya msimuliaji anayeongea juu ya waigizaji, maana humu mabishano ndiyo filamu yenyewe. Tenga saa mbili na dakika kama ishirini, kioo kikubwa kama unacho. Watoto wadogo walale kwanza. Naipa tisa kwa kumi.