Ishaqzaade: toba ya Parma ililipwa na wanawake

Ishaqzaade ilitoka Mei 2012, na mpaka leo ndiyo picha la Kihindi ambalo nimebishana na watu kuliko yote. Wengi wanaipenda kwa nyimbo zake, wanalia mwisho, na wakishafuta machozi wanakuwa wameshamsamehe Parma, stelingi wake. Mimi siwezi kumsamehe haraka hivyo. Naona filamu yenyewe ilimsamehe mapema mno, na ndiyo maana nimeamua kuiandikia. Nitasimulia hadi mwisho kabisa, kwa hiyo ambaye hajaitazama na anataka kushtuka mwenyewe, aanze na filamu kwanza.

Mji wa Almor haupo kwenye ramani, lakini Uttar Pradesh ipo, na Habib Faisal, mwandishi na muongozaji, ameichora kwa jicho la mtu anayeijua. Koo mbili zinagombea kiti kimoja cha bunge la jimbo: ukoo wa Chauhan, Wahindu, chini ya babu Surya, na ukoo wa Qureshi, Waislamu, chini ya Aftab. Hakuna anayezungumzia barabara wala shule. Kampeni ni magari, vipaza sauti, vijana wenye bunduki, na kila upande kukumbushia damu ya zamani. Filamu ilipotoka, watu wa Uttar Pradesh walikuwa wametoka kupiga kura miezi michache tu nyuma, uchaguzi wa viti 403 uliomweka Akhilesh Yadav kwenye uwaziri mkuu wa jimbo akiwa na miaka 38. Na tangu 2002 Mahakama ya Juu ya India ilishaamuru wagombea watangaze hadharani kesi za jinai zinazowakabili. Amri ya namna hiyo haitolewi kwenye nchi ambayo majambazi hawagombei. Kwa hiyo Surya Chauhan, mzee mwenye sauti ya upole na mkono mwepesi kwenye bunduki, si adui wa kubuniwa ili stelingi apate mtu wa kupigana naye. Anil Rastogi, mwigizaji wa jukwaani kutoka Lucknow, anamcheza bila kupiga kelele, na ndiyo maana anatisha.

Sasa Zoya. Zoya Qureshi ni binti wa Aftab aliyekulia katikati ya kaka, na Parineeti Chopra anamwigiza kama mtu ambaye hajawahi kuambiwa apunguze sauti. Mapema kabisa kuna tukio ambalo kwangu ndilo roho ya filamu: anauza hereni zake ili anunue bastola. Hafanyi kwa uchungu, wala hakuna anayemfukuza. Anataka bastola kwa sababu kaka zake wanazo, na anaishika kwa furaha ileile ambayo msichana mwingine angejaribia nayo hereni mpya mbele ya kioo. Anasema waziwazi kwamba siku moja yeye ndiye atakayekuwa mbunge. Wanaume wa nyumbani wanacheka. Wanamcheka kwa mapenzi, na hapo ndipo nilipomjua vizuri, kwa sababu na mimi ni kitindamimba baada ya wavulana. Najua kicheko kile. Unabebwa, unadekezwa, unanunuliwa kila kitu, na hakuna hata mmoja anayekusikiliza. Parineeti anapokea kicheko cha baba yake kwa tabasamu, ila macho hayatabasamu, na kamera inamsubiri kidogo tu, sekunde ya kutosha kuona kwamba amesikia. Ilikuwa filamu yake ya pili. Kwenye Tuzo za Taifa za India za mwaka huo alitajwa kwa heshima maalumu, na alistahili.

Parma, kwa upande wake, ni mjukuu wa Surya Chauhan anayetafuta kupendwa. Baba yake alikufa, mama yake ni mjane asiyethaminiwa katika nyumba ya mkwewe, na Parma ameshajua kwamba njia pekee ya kuitwa mwanaume mbele ya babu ni kufanya uharibifu ambao binamu zake hawajauthubutu. Mfanyabiashara akimnyima dizeli, yeye anawasha moto. Mchezaji ngoma, Chand, akialikwa kutumbuiza kwa akina Qureshi, yeye anakwenda kumchukua kwa mtutu wa bunduki. Arjun Kapoor alikuwa hajawahi kuonekana kwenye filamu kabla ya hii, na ugeni wake umesaidia. Hana ile mikogo ya stelingi aliyekwishazoea kushangiliwa. Ana mwili mkubwa na uso wa mtoto anayemwangalia babu kwanza kabla hajacheka.

Zoya anampiga kofi mbele ya watu. Kutoka kwenye kofi hilo mapenzi yanaanza, kwa mwendo ambao mpenzi yeyote wa filamu za Kihindi anaujua: ugomvi, kufukuzana, macho, kisha "Pareshaan", wimbo ulioimbwa na Shalmali Kholgade, ambaye ulimpa tuzo ya Filmfare. Amit Trivedi aliutunga ukawa kama mtu anayekimbia huku anacheka, maneno ni ya Kausar Munir, na ukiusikiliza unamwamini Parma kama Zoya anavyomwamini. Wanafunga ndoa kwa siri. Wanalala pamoja ndani ya behewa la treni. Halafu Parma anamwambia ukweli: ilikuwa mtego. Ndoa, maneno matamu, jina la Kiislamu alilojipa, yote yalikuwa malipo ya lile kofi, na pia mtaji wa kampeni. Habari na picha za ndoa hiyo zinasambazwa, heshima ya Aftab Qureshi inavuliwa mbele ya wapiga kura, na Chauhan anachukua kiti.

Nimeitazama sehemu hiyo zaidi ya mara moja na kila mara tumbo linakaza. Faisal hakuipamba. Parma anasema maneno yake huku anacheka, na kinachouma ni furaha yake, furaha ya kijana anayewahi nyumbani kumpelekea babu zawadi. Rushwa ya kura tumezoea kuiona kama bahasha ya noti. Hapa mwili wa msichana ndio uliotumika kununua kiti, na mji mzima ukaipokea bidhaa hiyo kwenye simu zao, wakaitazama, wakaenda kupiga kura kwa kumuadhibu baba yake. Sijaona filamu nyingine ya Kihindi iliyolisema jambo hilo wazi kiasi hicho, na kwa hilo pekee naiheshimu.

Ndiyo maana kinachofuata kinaniumiza. Zoya anachukua bastola yake na kuingia nyumbani kwa Chauhan kumuua Parma. Anakutana na mama. Mama yule mjane, ambaye hadi hapo alikuwa anapita nyuma ya wanaume na sinia mkononi, ndiye mtu wa kwanza katika Almor nzima kusema kwamba msichana amedhulumiwa. Anamgeukia mwanawe na kumtaka arekebishe alichoharibu. Anasimama kati ya Zoya na bunduki za nyumba ile, na babu Surya anampiga risasi. Mama anafia mikononi mwa Parma, na Parma anabadilika.

Tukio limeigizwa vizuri sana. Arjun Kapoor analia kama mtu asiyejua kulia, na ukikumbuka kwamba mama yake mzazi, Mona, alifariki Machi 2012, wiki chache kabla filamu haijatoka, ni vigumu kulitazama bila kumwonea huruma kijana mwenyewe. Lakini niulize: toba ya Parma imetoka wapi? Haikutoka kwenye kumtazama Zoya na kuelewa alichomfanyia. Ilitoka kwenye kifo cha mama yake. Kama Surya asingefyatua risasi ile, sioni dalili yoyote kwamba Parma angelala usiku huo akiwa na majuto. Mwanamke mmoja alidhalilishwa, mwingine akauawa, ndipo mwanaume akapata moyo. Halafu filamu inatutaka tumpende kwa kuwa amekuwa mlinzi. Anapigana na binamu zake, anavuja damu kwa ajili ya Zoya, anatubu kwa ngumi na risasi. Sikumwona akisimama mbele ya mji aliouhadaa na kusema: ule ulikuwa uongo wangu, binti huyu hana hatia, na kura zile mlizipiga kwa sababu yangu. Kiti kinabaki kwa mzee. Sioni toba ikikamilika pale mwenye kutubu anapouacha uongo uendelee kukaa madarakani.

Na Zoya? Msichana aliyeuza hereni anunue bastola, aliyetaka kuwa mbunge, baada ya mapumziko anageuka mtu wa kushikwa mkono na kukimbizwa. Hasira anayo, tena Parineeti anaipigania kila dakika anayopewa, lakini hadithi ina haraka ya kumfikisha kwenye msamaha. Ndoto ya ubunge haitajwi tena kwa uzito. Nilikuwa nangoja mahali fulani aseme anataka kurudi Almor si kwa kufa, bali kwa kugombea. Hapakuwa na mahali hapo.

Anayebeba nusu hii ya pili kwa ninavyoona ni Chand. Gauhar Khan anacheza kama mchezaji ngoma ambaye pande zote mbili zinamwalika usiku na hakuna anayemsalimu mchana. Mwanzoni unaweza kudhani yupo kwa ajili ya "Chokra Jawaan" na "Jhalla Wallah" tu, na kweli nyimbo hizo anazibeba mabegani. Lakini wapenzi wanapokuwa hawana pa kwenda, mlango unaofunguliwa ni wa danguro lake. Kwenye mji wenye misikiti, mahekalu na ofisi za vyama, hapo tu ndipo Mwislamu na Mhindu wanaweza kula pamoja bila kuulizwa. Faisal haliwekei hotuba jambo hilo. Analiacha lipite kwenye namna Chand anavyowatazama wale wawili, kama dada mkubwa anayejua kwamba hawatadumu.

Kisha linakuja lile ambalo filamu inalijua kuliko kitu kingine chochote. Chauhan na Qureshi, waliouana kwa miaka, wanapatana. Wanakaa pamoja na kukubaliana kwamba vijana hao lazima wafe, kwa sababu ndoa yao itawapotezea kura pande zote mbili: Wahindu hawatamsamehe mmoja na Waislamu hawatamsamehe mwingine. Uadui wao ulikuwa biashara, na mapenzi ndiyo yanayotishia kuifunga. Hapo filamu inauma kweli. Sheria ya India tangu 1954 inawaruhusu watu wa dini tofauti kuoana bila yeyote kubadili dini, ila wanatakiwa kutoa notisi ya siku 30 inayobandikwa hadharani, na kwa wapenzi wanaowakimbia ndugu, siku 30 hizo ni nyingi. Mwaka 2018 Mahakama ya Juu ilisema kwamba si halali mabaraza ya wazee wala mtu mwingine kuingilia ndoa ya watu wazima wawili waliokubaliana. Ilibidi mahakama iliseme jambo hilo miaka sita baada ya filamu hii, kwa hiyo anayedai kwamba mwisho wake umetiwa chumvi nadhani hajafuatilia.

Mwisho wenyewe: wamezingirwa na bunduki za nyumba zote mbili. Stelingi tuliyezoea kuambiwa hafi, hapa anakufa. Parma na Zoya wanaelekezeana bastola na kufyatua, ili angalau kifo chao kisiwe cha babu wala cha baba. Wanatabasamu. Maandishi yanakuja kukumbusha juu ya vijana wanaouawa na familia zao kwa kuchagua mpenzi wa nje ya dini au tabaka lao. Nililia, siwezi kukataa. Muziki wa wimbo wenye jina la filamu, ule wa Javed Ali na Shreya Ghoshal, ukirudi pale, sijui nani anaweza kuzuia machozi. Lakini hata nikilia, namkumbuka Zoya wa mwanzo, na naona amestahili zaidi ya kufa vizuri.

Mapigano ni ya kawaida. Risasi ni nyingi, kukimbizana ni kurefu kuliko inavyohitajika, na kuna dakika kama 20 za vichochoro na mapaa ambazo zingepunguzwa bila hasara. Picha za mitaa, vumbi, majengo ya zamani yenye rangi zilizochujuka na maduka ya silaha ni nzuri sana. Lugha ni ya mtaani, ina matusi, na tafsiri ya Kiingereza inayopita chini ya skrini inayapunguza makali. Anayeelewa Kihindi kidogo atafaidi zaidi.

Naipa nyota tatu na nusu kati ya tano, na karibu zote ni za Parineeti na za nusu ya kwanza. Msiitazame na watoto, behewa la treni peke yake linatosha kuwa sababu. Ila mkiwa na vijana wakubwa nyumbani, wa kiume hasa, kaeni nao waione, na mkifika pale mama anapoanguka isimamisheni kidogo muwaulize kama Parma ameshalipa deni la Zoya. Ndugu zangu wa kiume walisema ndiyo, bila kufikiri. Tulikesha.