Kubaki na vijana au kupanda ngazi: Eric Harrison na Steve Cooper

Mchezaji wa soka wa madaraja ya chini anayestaafu bila jina kubwa, kisha akachagua kufundisha vijana, huwa na njia mbili mbele yake: kubaki na vijana hao, au kupanda hadi kuwa kocha mkuu wa timu ya wakubwa.

Eric Harrison, kiungo aliyezichezea Halifax Town, Hartlepools United, Barrow na Southport, alifundisha Everton kabla ya kujiunga na Manchester United mwaka 1981, na huko akabaki na vijana. Kazi yake ilikuwa ya kurudiarudia mambo yale yale, pasi, ukabaji na nidhamu, naye alijulikana kwa kugonga kioo cha dirisha lililotazama uwanja wa mazoezi kijana alipokosea. Mwaka 1992 timu yake, iliyokuwa na Giggs, Beckham, Butt na Gary Neville, waliokuja kuwa nyota wa klabu hiyo, ilitwaa Kombe la FA la Vijana, shindano la timu za vijana za klabu. Sifa nyingi zaidi, kama kawaida, zilimwendea kocha mkuu, Alex Ferguson.

Steve Cooper, mzaliwa wa Wales aliyecheza zaidi katika ligi ya huko, alipitia akademia za Wrexham na Liverpool, kisha mwaka 2017 akaiongoza Uingereza kutwaa Kombe la Dunia la vijana chini ya miaka 17 nchini India, kwa kuifunga Hispania 5–2 baada ya kutanguliwa 2–0. Kisha akapanda hadi timu za wakubwa: mwaka 2022 aliipandisha Nottingham Forest hadi Ligi Kuu, lakini Desemba 2023 akafukuzwa, na Leicester City, klabu aliyoifundisha baadaye, nayo haikumvumilia hata msimu mmoja.

Kwa maoni yangu, njia ya Harrison inamfaa zaidi anayependa kufundisha kuliko kushindana, mradi klabu imlipe ipasavyo.