Filamu moja mara mbili: jioni ya London Can Take It! mjini Nairobi

Ukumbi huu mdogo wa filamu ulio juu ya maduka, hatua chache kutoka Moi Avenue, hutoza kiingilio cha shilingi 300, na Jumamosi iliyopita ulionesha filamu ya dakika zipatazo 10 mara mbili, kwanza ikiwa na sauti, kisha ikiwa kimya. Sizijutii pesa zangu, ingawa tulichelewa kuanza kwa nusu saa nzima na viti vya plastiki viliniumiza mgongo.

Filamu yenyewe ni London Can Take It!, iliyotengenezwa mwaka 1940 na kitengo cha filamu cha Posta ya Uingereza, wakati ndege za Ujerumani zilipoushambulia mji wa London kwa usiku 57 mfululizo kuanzia Septemba 7. Msimulizi wake, Quentin Reynolds, alikuwa mwanahabari wa Marekani, na hakuchaguliwa kwa bahati nasibu: Marekani ilikuwa bado haijaingia vitani, na Waingereza waliihitaji. Reynolds anajitambulisha kama ripota asiyeelemea upande wowote, lakini maneno yake yanausifu mno ujasiri wa wakazi, hata nyumba iliyobomoka inakuwa ushahidi wa uvumilivu wao badala ya kuwa hasara ya mtu aliyelala humo jana.

Sauti ilipozimwa, niliona filamu nyingine. Niliwatazama wapita njia wa asubuhi, wakikwepa vifusi na vioo wakielekea kazini, nikajiuliza ni nani kati yao aliyekuwa bado na mlango wa kuufungua jioni. Maiti haioneshwi, ilhali mashambulizi hayo, hadi yalipopungua Mei 1941, yaliua raia zaidi ya 40,000 kote Uingereza. Wazo hilo la kuzima sauti, ambalo nilidhani ni hitilafu ya mitambo, peke yake lilistahili kiingilio.

Kasoro ninayoilalamikia zaidi ni kukatizwa kwa mazungumzo ya watazamaji baada ya filamu. Mzee mmoja alikuwa ndiyo kwanza ameanza kueleza jinsi mama yake alivyokimbia na watoto huko Malindi, ndege za Italia zilipoupiga mji huo mabomu Oktoba ya mwaka huohuo wa 1940, mara mlinzi akaja kuzima taa. Aliimalizia hadithi yake ngazini, gizani, nasi tuliobaki kumsikiliza tulikuwa watano tu.